Dhamana kwa Mtu Aliyeshtakiwa Kuchafua Maji

Ndugu mkulima, mwezi huu somo letu si la mbegu wala la dawa ya kupe. Ni somo la korti. Huenda ukasema, "Mimi na korti wapi na wapi?" Lakini ukifuga nguruwe watatu kando ya mto Motoine, au ukilima sukuma wiki pale maji taka yanapopita chini ya Lindi, jambo hili ni lako sawasawa na la mwenye kiwanda. Na kama unakaa mbali, kule Machakos au Makueni, ukinywesha ng'ombe kwa maji ya mto Athi, jambo hili ni lako pia, maana uchafu wetu wa Nairobi huteremka mpaka kwako.

Kwanza tuufuate mto. Motoine huanzia upande wa Dagoretti, hupita msitu wa Ngong, huingia Kibera, kisha huingia katika Bwawa la Nairobi. Bwawa hilo lilijengwa mwaka 1953 ili liwe akiba ya maji ya mji, na zamani watu waliendesha mashua za tanga juu yake. Kando yake kuna kijiji cha Silanga, neno ambalo watu wa Ukambani hulitumia kwa bwawa. Miaka ilivyopita bwawa hilo lilijaa matope, takataka na gugumaji, na sehemu nyingine watu wakapanda mimea juu yake. Mto ukitoka hapo huitwa Ngong. Hupita South B na penye viwanda, huungana na mto Nairobi, huingia Athi, na mwisho wake, ukiwa umekwisha kuitwa Galana na Sabaki, humwagika baharini karibu na Malindi. Basi ndoo moja ya uchafu iliyomwagwa Kibera ina safari ndefu, na njiani kuna wakulima wengi.

Kuchafua maji ni kosa la jinai. Sheria ya Mazingira ya mwaka 1999, ambayo ndiyo iliyounda mamlaka tunayoiita NEMA, inakataza katika kifungu chake cha 72 kumwaga sumu au uchafu ndani ya maji kinyume cha viwango vilivyowekwa. Adhabu iliyoandikwa mwaka ule ni kifungo kisichozidi miaka 2, au faini isiyozidi shilingi milioni 1, au vyote viwili, na juu ya hayo mwenye hatia hulipa gharama ya kuondoa uchafu. Tena Sheria ya Makosa ya Jinai, kifungu cha 191, inamwadhibu mtu anayechafua kwa makusudi maji ya chemchemi au hodhi la watu wote. Ipo pia Sheria ya Afya ya Umma, ambayo Bwana Afya huitumia. Kwa hiyo usidhani ya kuwa mtu hushikwa kwa mchezo.

Lakini kushikwa si kufungwa, na kushtakiwa si kuwa na hatia. Hapa ndipo dhamana inapoingia.

DHAMANA NI NINI?

Watu wengi huitazama dhamana kwa makosa. Wako wanaodhani ni faini: wakilipa, kesi imekwisha, nao hawarudi tena kortini. Wako wanaodhani ni hongo iliyohalalishwa. Na wako majirani wanaomwona mshtakiwa amerudi nyumbani jioni, wakasema, "Tazama, amewanunua."

Dhamana ni ahadi. Mshtakiwa anaahidi ya kuwa atarudi kortini kila siku atakayoitwa, mpaka kesi iishe. Ili ahadi hiyo iwe na uzito, huweka kitu ambacho atakipoteza akitoroka. Akitimiza ahadi, kitu chake hurudishwa, hata kama mwisho wake amepatikana na hatia. Faini ni jambo jingine, nayo huja baadaye, ikija.

Katika Kenya haki hii imeandikwa katika Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 49. Mtu aliyeshikwa ana haki ya kuachiliwa kwa dhamana, kwa masharti ya kadiri, isipokuwa kuna sababu nzito za kumzuia. Yatazame maneno hayo vizuri. Si mshtakiwa anayepaswa kumwonyesha hakimu kwa nini aachiliwe. Ni upande wa mashtaka unaopaswa kuonyesha kwa nini asiachiliwe. Zamani, kabla ya Katiba hii, yalikuwako makosa mazito kama mauaji na wizi wa mabavu ambayo hayakuwa na dhamana kamwe. Kuchafua maji hakukuwa miongoni mwa hayo, wala si miongoni mwake leo.

Kifungu hicho hicho kina jambo jingine ambalo wachache wanalijua. Kama kosa lenyewe huadhibiwa kwa faini tu, au kwa kifungo kisichozidi miezi 6, mtu asiwekwe rumande kwa ajili yake. Kwa hiyo ukipewa karatasi ya mashtaka, usiikunje na kuitia mfukoni. Isome, au usomewe, na uulize: "Nimeshtakiwa kwa kifungu gani, na adhabu yake ni ipi?" Katika makosa ya mazingira jibu hutofautiana kifungu kwa kifungu, na tofauti hiyo yaweza kuwa ndiyo inayoamua utalala wapi usiku huo.

TUTOE MFANO

Mfano huu ni wa kubuni, wala hatumsemi mtu fulani. Mama mmoja ana nguruwe sita katika banda la mabati kando ya maji. Kila asubuhi huosha banda, na maji yale meusi hupita katika mtaro mpaka mtoni. Mwezi wa Aprili wakaguzi wanakuja na polisi. Wanachukua maji kwenye chupa, wanaandika, kisha wanamchukua yeye. Ni Ijumaa saa kumi jioni.

Katiba inasema afikishwe kortini kabla ya saa 24 kupita. Lakini saa 24 zake zinaishia Jumamosi jioni, siku isiyo ya korti, kwa hiyo polisi wana ruhusa ya kumleta Jumatatu. Hapo kuna siku tatu za kukaa korokoroni, na nguruwe sita hawajui habari ya Katiba.

Basi jambo la kwanza ni dhamana ya polisi. Mkuu wa kituo ana uwezo wa kumwachilia mtu kama huyu pale pale, kwa ahadi ya maandishi ya kufika kortini Jumatatu, pamoja na fedha au bila fedha. Dhamana ya polisi haina ada. Ukitakiwa kuweka fedha, upewe risiti yenye jina lako na kiasi ulichoweka, na fedha hizo si za askari wala za kituo. Ni zako, zimewekwa tu. Fedha isiyo na risiti si dhamana, na Jumatatu hakimu hataijua.

Tuseme mama huyu hakuachiliwa. Jumatatu anafikishwa mbele ya hakimu, labda katika korti ya Kibera. Anasomewa mashtaka, kisha anaulizwa, "Ni kweli au si kweli?"

Msomaji, simama hapa kidogo, maana hapa ndipo maskini wengi huanguka. Mama huyu amelala siku tatu kwenye sakafu. Anawaza watoto, anawaza nguruwe. Mtu mmoja aliyelala naye ndani amemnong'oneza: "Sema ni kweli, utapigwa faini kidogo uende nyumbani. Ukisema si kweli, utapelekwa rumande." Naye anajibu, "Ni kweli, Mheshimiwa." Papo hapo amekuwa mwenye hatia, na sasa anakabiliwa na sheria yenye faini inayoweza kufika mamilioni, tena na gharama ya kusafisha mto. Pengine uchafu wote haukuwa wake. Pengine jirani wa juu ana mfereji wa choo unaoingia pale pale. Hayo yote hayataulizwa tena.

Kukubali kosa si njia ya kupata dhamana. Kama kosa umelifanya na umelielewa, kubali. Hilo ni la moyo wako. Kama hukulifanya, au hujalielewa, kataa, kisha omba dhamana siku ile ile. Sema hivi tu: "Mheshimiwa, naomba dhamana." Huhitaji Kiingereza. Kama huelewi lugha inayotumiwa, una haki ya mkalimani bila malipo.

HAKIMU HUTAZAMA NINI?

Swali kubwa kwa hakimu ni moja: mtu huyu atarudi? Hutazama kama ana makao yanayojulikana, kama ana kazi na jamaa, kama zamani aliwahi kupewa dhamana akatoroka, kosa lina uzito gani, na ushahidi una nguvu gani. Hutazama pia kama akitoka atawatisha mashahidi. Anaweza kumwagiza afisa wa probesheni akachunguze na kuleta ripoti. Miongozo ya dhamana iliyotolewa mwaka 2015 inasisitiza ya kuwa kiasi cha dhamana kiangalie uwezo wa mshtakiwa, na Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai inasema katika kifungu cha 123 ya kuwa kiasi kisipite kadiri.

Sasa mtu wa Kibera ana shida yake. Hakimu akisema "dhamana ya shilingi 100,000 na mdhamini mmoja wa kiasi hicho hicho," mtu wa Nyeri huleta hati ya shamba la babu yake. Mtu wa Kibera ataleta nini? Nyumba ni ya kupanga, na ardhi kwa sehemu kubwa ni ya serikali. Wanubi, ambao babu zao askari ndio waliokuwa wa kwanza kukaa na kulima hapa, walipewa hati ya ekari 288 mwaka 2017, lakini hati ile ni ya jumuiya nzima. Mtu mmoja hawezi kuibeba kwenda nayo kortini.

Lakini hati ya ardhi siyo dhamana pekee. Mdhamini mwenye kazi anaweza kutumia hati zake za mshahara. Mwenye gari anaweza kuweka logibuku. Fedha taslimu zaweza kuwekwa, na chama cha akina mama au ndugu wanaweza kuchanga. Tena hakimu anaweza kumwachilia mtu kwa ahadi yake mwenyewe iliyotiwa sahihi, bila mdhamini na bila senti. Wengi hawaiombi hii kwa sababu hawajui kwamba ipo. Barua ya chifu inayosema unakaa kijiji fulani tangu mwaka fulani husaidia kuonyesha ya kuwa una makao. Mwambie ndugu yako aitafute mapema, asingoje Jumatatu saa tatu.

Kama kiasi kilichowekwa kinakushinda, usinyamaze ukaenda rumande Industrial Area kukaa miezi. Mwombe hakimu yule yule akipunguze, ukimweleza kwa kweli unapata kiasi gani kwa mwezi. Akikataa, Mahakama Kuu ina uwezo wa kukipunguza. Na ujihadhari na watu wanaozunguka nje ya korti wakikodisha logibuku na hati kwa ada. Hati hizo mara nyingi ni za uongo, na ikigunduliwa, utakuwa na kesi mbili.

Neno moja kwa mdhamini. Usitie sahihi kwa kuona haya tu kwa sababu ni shemeji yako. Mshtakiwa akitoroka, korti itakuita wewe ueleze, na ukishindwa utalipa kiasi ulichoandika. Ukiona mtu wako ameanza kufunga mizigo, unaweza kwenda kwa hakimu na kuomba ufunguliwe katika udhamini kabla mambo hayajaharibika.

NA MTO JE?

Mkulima wa Athi atauliza, naye ana haki: "Kama mmemwachilia, na kesi itachukua mwaka, je, nitakunywa uchafu wake mwaka mzima?"

Swali hili ndilo linalofanya kesi ya maji isifanane na kesi ya wizi wa kuku. Mwizi wa kuku akishikwa, wizi umekoma. Lakini mfereji hauwekwi rumande. Mwenye banda akifungiwa na mfereji ukabaki wazi, mto haukupata faida hata kidogo. Akiachiliwa bila neno lolote juu ya mfereji, mto haukupata faida vilevile. Ndiyo maana yafaa masharti ya dhamana yaguse maji yenyewe. Hakimu anaweza kusema: utaachiliwa, lakini mpaka kesi iishe usimwage maji ya banda mtoni, wala usiwazuie wakaguzi kuingia kutazama. Hilo ni sharti la kadiri. Mtu akilivunja, dhamana yaweza kufutwa, na hapo hana wa kumlaumu.

Lakini sharti nalo lina mpaka wake. Dhamana si adhabu ya kabla ya hukumu. Kumwambia mama wa nguruwe sita ajenge mtambo wa kusafisha maji taka kwa wiki mbili ni kumnyima dhamana kwa maneno ya adabu. Kumwambia azibe mtaro na kuchimba shimo, hilo anaweza.

Nanyi mnaokaa chini ya mto msidhani ya kuwa kazi yenu ni kunung'unika tu. Katiba, kifungu cha 42, imewapa haki ya mazingira safi, na kifungu cha 43 haki ya maji safi. Sheria ya Kuwalinda Waathiriwa ya mwaka 2014 inataka usalama wa aliyeumizwa ufikiriwe wakati wa kupanga masharti ya dhamana. Basi mwendeeni kiongozi wa mashtaka kabla ya siku ya kesi, mmwambie: ng'ombe wetu wanakunywa hapa, watoto wanaoga hapa, tunaomba mfereji ufungwe wakati kesi inaendelea. Ombi kama hilo lina faida kuliko kupiga kelele kwamba mtu anyimwe dhamana.

Kuna kesi moja ya karibu nasi inayofaa kukumbukwa. Huko Kiserian, ng'ambo ya Ngong, wenye ploti kadhaa walishtakiwa kwa kumwaga maji machafu katika mto. Walikwenda Mahakama Kuu wakalalamika ya kuwa wao wamechaguliwa, na wenye ploti wengine waliokuwa katika hali ile ile wameachwa. Mwaka 2006 Mahakama Kuu ilikubali malalamiko yao, ikayafuta mashtaka kwa sababu ya ubaguzi huo. Lakini majaji hawakuishia hapo. Walisema kwa kirefu ya kuwa haki ya kuishi ni pamoja na kuishi katika mazingira safi, na kwamba mchafuzi ndiye anayepaswa kulipa. Serikali iliposhtaki wachache ikawaacha wengine, kesi ilianguka, na mto ukabaki pale pale.

Nasi tuseme wazi: dhamana nayo yaweza kubagua. Mto Ngong ukifika penye viwanda, kuna mabomba huko. Mwenye kiwanda akishikwa, wakili wake yuko kortini kabla ya chai ya saa nne, na dhamana ya shilingi laki tano hulipwa kabla ya adhuhuri. Mwenye nguruwe sita hukaa wiki tatu akitafuta elfu ishirini. Kiasi kikubwa kwa maskini hakiongezi usalama wa maji. Na kiasi kidogo kwa tajiri, bila sharti juu ya bomba lake, hakiongezi chochote.

UKIWA NJE KWA DHAMANA

Umetoka. Kwanza weka risiti ya dhamana mahali pakavu, pamoja na karatasi ya mashtaka. Bila risiti, kurudishiwa fedha huwa safari ndefu ya kutoka ofisi hii kwenda ile. Andika tarehe ya kesi mlangoni na katika simu. Siku ya kesi kutajwa tu, hata kama hakuna shahidi atakayekuja, lazima ufike. Usipofika, hakimu hutoa hati ya kukukamata na fedha yako yaweza kuchukuliwa. Ukiugua, mtume ndugu apeleke karatasi ya daktari asubuhi ile ile.

Kisha rudi bandani. Ziba mtaro unaokwenda mtoni. Usioshe banda kwa maji mengi kama ulivyozoea. Kwanza kusanya kinyesi kikavu kwa sepetu, kisha tandaza maranda ya mbao au majani makavu yanyonye mkojo. Chimba shimo mbali na maji kadiri uwanja wako unavyoruhusu. Kanuni za maji za mwaka 2006 ziliweka kando ya mto mpaka wa mita 6 mpaka 30 usiotakiwa kulimwa wala kujengwa, kwa hiyo usichimbe shimo ndani ya mpaka huo. Panga tabaka la kinyesi, tabaka la majani, tabaka la udongo, ufunike kwa nailoni ili mvua isiliteremshe mtoni. Geuza kila baada ya wiki tatu. Baada ya miezi mitatu hivi haitanuka tena, itakuwa nyeusi na laini, nayo yafaa kwa magunia ya sukuma wiki ambayo watu wa Kibera wamekuwa wakiyapanda mlangoni tangu mwaka 2008. Kinyesi kibichi cha nguruwe usikitie kamwe kwenye mboga.

Kama huna mahali pa kuchimba, tafuta mkulima wa nje ya mji anayehitaji samadi, mkubaliane siku ya kuja kuchukua. Piga picha ya mtaro uliozibwa na ya shimo, na uandike tarehe. Mwalike Bwana Afya aje aone. Siku ya kesi nenda na picha hizo, na hakimu akikuuliza kama umetii sharti lake, mpe azitazame.